Bia Ilipoacha Kuwa Chakula

Kwa miaka mitatu Arkady Sychov hakunywa pombe. Ungemuuliza mtu yeyote pale Verkhny Log angekujibu hivyo hivyo: Arkady? Huyo hanywi, alifungwa na daktari. Halafu angeongeza, kama mtu aliyekumbuka jambo dogo lisilo na uzito: anakunywa bia tu.

Lita tano kwa siku. Saba siku za sikukuu. Bia tu.

Mkewe Rimma aliyasikia maneno hayo dukani, ngazini kwa majirani na kiwandani alikoendesha winchi ya kunyanyulia nguzo za zege, na kila alipoyasikia alijiona kama mtu aliyelowa chepechepe huku watu wazima wenye akili timamu wakimhakikishia kwamba mvua hainyeshi.

Mji ule ulikuwa na elimu yake kuhusu vinywaji. Vodka ni pombe, hapo hapakuwa na ubishi. Shampeni si pombe, ni mwaka mpya. Konyaki ni kitu cha kumpelekea daktari ili akuangalie vizuri. Gongo ya nyumbani ni dawa ya mgongo. Unajipaka, na ile nusu glasi inayobaki unaimeza isiharibike, nayo ni dawa vilevile. Na bia ilikuwa chakula. Hili halikuwa porojo la walevi. Serikali yenyewe iliiacha bia nje ya sheria ya vileo, ikauzwa kwenye vibanda vya vituo vya basi pamoja na mbegu za alizeti, biskuti na tikiti za bahati nasibu, asubuhi na jioni, bila kibali chochote. Wanaume walikunywa wakienda kazini jinsi watu wa kwingine wanavyokunywa chai. Ukimwambia mmoja wao kwamba analewa alikuangalia kama umemtuhumu kulewa ugali.

Arkady alifungwa na Daktari Karlovich wa mji wa wilaya. Kufungwa ni hivi: mlevi anapelekwa kwa daktari mwenye koti jeupe, anachomwa sindano ya kitu asichokijua, anaangaliwa machoni kwa muda mrefu, kisha anasainishwa karatasi inayosema kwamba katika miaka mitano ijayo, akitumia kinywaji chochote cha kileo, atakufa. Basi. Waganga wa zamani walifanya hivyo hivyo kwa jivu na nywele, ila wao hawakuwa na mhuri.

Siku ile Rimma alikuwepo, na mama mkwe wake pia, Bibi Glafira, mwanamke mnene aliyezaa mtoto mmoja tu, Arkady, na hakuacha kujipongeza. Rimma alisema mbele yao wote, na mbele ya daktari:

"Sikilizeni. Amekunywa miaka kumi na tisa nikavumilia. Akinywa pombe tena, hata mara moja, nafunga mizigo naenda Saratov kwa dada yangu. Sirudi."

"Ni haki yako, mwanangu," alisema Bibi Glafira. "Akinywa, nenda, na mimi mwenyewe nitakubebea begi. Lakini ukimwacha mwanangu bila kunywa, Mungu akulaani na watu wakutemee mate."

"Sawa, mama."

Rimma alikuwa mtu wa neno lake. Hilo ndilo lililomponza.

Wiki moja baadaye alirudi kazini akamkuta Arkady mezani na chupa tatu za plastiki za lita moja na nusu, mbili tupu, na samaki mkavu ameparuliwa juu ya gazeti. Macho yalikuwa mekundu na ulimi mzito. Rimma hakupiga kelele. Alitoa begi chini ya kitanda.

"Unaenda wapi?" Arkady aliuliza.

"Saratov. Umekunywa."

"Nani amekunywa?" Aliuliza kwa mshangao wa kweli, na hapo ndipo Rimma alipoanza kuogopa. "Mimi? Hii ni bia, Rimma!"

Likaitishwa baraza pale pale jikoni. Bibi Glafira alitoka chumbani mwake. Yefim, rafiki wa Arkady aliyekaa ghorofa ya chini na aliyekuwa na kipaji cha kufika kila chupa inapofunguliwa, alitoa hoja kama wakili.

"Shemeji, tuongee kwa sheria. Vodka inauzwa wapi? Dukani, kwa kibali. Bia inauzwa wapi? Kwa Alsu pale kibandani, na pipi za watoto. Serikali ingeweka pombe na pipi za watoto?"

"Karatasi ilisema kinywaji cha kileo," alisema Arkady. "Na mimi nimekunywa lita tatu, na niko hai. Ingekuwa pombe ningekufa. Daktari alisema nitakufa. Sasa mimi maiti?"

"Unanuka kama maiti," Rimma alisema.

"Mtoto ana njaa," Bibi Glafira akakata shauri. Mtoto alikuwa na miaka arobaini na saba. "Bia ni mkate wa kunywa. Rudisha begi mahali pake, usitafute kisingizio."

Rimma akarudisha begi. Alikuwa ametoa masharti yake mwenyewe mbele ya mashahidi, na masharti yalisema pombe.

Miaka mitatu ikapita hivyo. Arkady alilinda ghala la mboga la mji, zamu ya siku nzima na mapumziko ya siku tatu, na katika hizo zote hakunywa. Hakunywa siku aliyokojoa ndani ya kabati la nguo akidhani amefika msalani. Hakunywa siku ya harusi ya binti yao Lyuda, alipolala juu ya makoti ya wageni na wageni wakakaa na baridi mpaka alipozinduka. "Amechoka," alisema Bibi Glafira kwa wakwe wapya. "Lakini tunamshukuru Mungu, hanywi." Na wale wakwe waliitikia kwa vichwa kwa heshima, kwa maana wa kwao alikuwa akinywa.

Rimma aliyaona haya yote akawa anajibu kwa midomo iliyokazwa. Juu kwenye winchi yake, mita kumi na tano kutoka ardhini, ambako kila asubuhi muuguzi alimnusa pumzi kabla hajaruhusiwa kupanda ngazi, alikuwa akiwaza kwamba nchi nzima inamnusa mtu asiyehusika.

*

Habari alizipata kwa Alsu. Ilikuwa katikati ya Desemba, mchana wa baridi ya kupasua midomo, na mbele ya kibanda kulikuwa na foleni ambayo hajawahi kuiona.

"Kuna nini? Vita?" aliuliza.

"Afadhali ingekuwa vita, dada Rimma." Alsu alikuwa akitoa chupa kupitia kidirisha bila kuinua macho. "Kuanzia tarehe moja Januari sisi wa vibanda hatuuzi tena bia. Sheria mpya. Bia imekuwa pombe."

"Sema tena."

"Imekuwa pombe! Kama vodka. Ni madukani tu, na usiku marufuku. Sasa mimi nitaishi kwa kuuza nini, mbegu?"

Mzee mmoja kwenye foleni alitema mate kwenye theluji. "Babu yangu alikunywa bia, baba yangu alikunywa bia, hawajawahi kunywa pombe maishani mwao. Leo wanawafanya walevi kaburini!"

Watu wakaguna kwa uchungu, wale wanaume wenye pua nyekundu, kama vile wamevunjiwa kanisa. Rimma aliwaangalia mmoja mmoja akasikia kicheko kinampanda kutoka tumboni. Alicheka njia nzima mpaka nyumbani.

Arkady alikuwa mezani. Yefim naye alikuwepo, bila shaka.

"Nina habari," Rimma alisema bila kuvua kofia. "Tarehe moja bia inakuwa pombe. Kwa sheria. Nyinyi si ndio watu wa sheria?"

"Tumesikia redioni," Yefim alisema. "Siasa tu hizo, shemeji."

"Siasa au si siasa, imeandikwa. Kuanzia tarehe moja, Arkady, ukigusa hiyo chupa umekunywa pombe. Na unajua nilichosema."

Alitegemea matusi. Badala yake Arkady aliiweka glasi mezani polepole, na rangi ikamtoka usoni.

"Yefim," alisema kwa sauti ndogo. "Na ile sindano?"

"Sindano gani?"

"Ile niliyochomwa. Karatasi inasema kinywaji cha kileo. Imebaki miaka miwili. Sasa kama bia imekuwa kinywaji cha kileo..." Hakumaliza. Akajishika kifua.

Rimma alivuta kiti akakaa. Alikuwa ameishi na mtu huyu miaka ishirini na miwili, na bado mtu huyu alikuwa na uwezo wa kumshangaza.

"Yaani unaogopa kufa," alisema. "Leo lita tano hazikuui, ila tarehe moja asubuhi glasi moja itakuua."

"Sheria imebadilika, Rimma!"

"Na ile dawa iliyomo mwilini mwako inasoma magazeti?"

"Usicheze na mambo ya kitaalamu!" Bibi Glafira alikuwa ameshafika mlangoni, mkono mdomoni. "Mwanangu alisaini! Alisaini kwa mkono wake!"

Wakaingia kwenye mjadala ambao Rimma, hata angelipwa, asingeweza kuutunga. Je, bia iliyotengenezwa Desemba ikinywewa Januari ni chakula au ni pombe? Yefim alisema sheria hairudi nyuma, kwa hiyo chupa iliyozaliwa chakula itakufa chakula; anunue za kutosha sasa hivi, azipange kwenye roshani. Bibi Glafira alisema nyama ya kabla ya mfungo ukiila wakati wa mfungo ni dhambi hata kama uliinunua mapema. Arkady aligeuza kichwa kwa huyu, akageuza kwa yule, jasho likimtoka. Mwishoni alichagua uhai. Tarehe thelathini na moja tangu asubuhi alikunywa kila kilichokuwa ndani ya nyumba, kwa haraka na kwa huzuni, kama mtu anayemaliza akiba kabla ya kuhamishwa, na saa kumi jioni alikuwa amelala chali kando ya mti wa mwaka mpya. Saladi ya sikukuu walikula wanawake wawili peke yao.

Tarehe moja Januari Arkady aliamka, akaomba maji.

Na hapo kikatokea kitu ambacho Rimma hakukitegemea. Siku zile za mapumziko marefu, nchi nzima ikiwa imelewa, mumewe alikuwa mzima. Alitetemeka siku tatu. Siku ya nne alinyoa ndevu. Siku ya tano alirekebisha bomba la jikoni lililokuwa likivuja tangu enzi za Lyuda kuanza shule. Siku ya Krismasi ya Waorthodoksi, tarehe saba, alimwambia, "Twende tukatembee," wakatembea mpaka mtoni, barafu ikilia chini ya viatu, naye akamshika mkono penye utelezi. Hakusema la maana. Alilalamika kuhusu mkuu wa ghala, kuhusu meno, kuhusu Wachina. Lakini mkono ulikuwa mkavu na thabiti, na Rimma, mwanamke wa miaka arobaini na tisa anayenyanyua nguzo za tani tano, aliona aibu jinsi moyo ulivyomrukaruka.

Labda, aliwaza, upumbavu nao una siku yake ya kufanya kazi njema.

*

Zahanati ya Daktari Karlovich ilifunguliwa sikukuu zilipokwisha. Arkady hakutaka kuishi na mashaka. Alitaka kujua kwa uhakika kipi kinaua na kipi hakiui. Rimma alichukua ruhusa ya siku moja akaenda naye.

Daktari alikuwa amenenepa. Nyuma yake, kwenye rafu, zilipangwa chupa sita za konyaki za wagonjwa wenye shukrani.

"Miaka mitatu bila kunywa!" alisema akimpiga Arkady begani. "Bwana Sychov, wewe ni fahari yangu."

"Nilikuwa nakunywa bia, daktari."

"Bia, ndiyo, ndiyo. Hilo halihusiki."

"Lakini sasa ni pombe. Nikinywa, nitakufa?"

Rimma alimwona daktari akifikiri. Ilionekana wazi, kama unavyoona panya akipita chini ya zulia. Akisema hapana, kazi yake imekwisha. Akisema ndiyo, lazima aeleze kwa nini mgonjwa hakufa katika lita elfu tano zilizopita.

"Kufungwa kunafuata sheria," alisema mwishowe, kwa sauti nzito. "Ulisaini kuhusu kinywaji cha kileo. Kinachoitwa kileo na sheria, mwili wako sasa unakikataa."

"Daktari, kulikuwa na nini ndani ya sindano ile?" Rimma aliuliza.

"Hiyo ni siri ya taaluma, mama."

"Maji?"

"Rimma!" Arkady alimkanyaga mguu. Kisha akatoa karatasi mfukoni. Alikuwa ameandika orodha, kwa mwandiko wa mtoto mwenye bidii. "Togwa ya mkate?"

"Ruhusa."

"Maziwa mgando?"

"Ruhusa."

"Chokoleti zenye konyaki ndani?"

"Kwa kiasi. Zinauzwa kama peremende."

"Na dawa? Kwa mfano mtu moyo unamsumbua."

"Dawa ni dawa," alisema daktari, tayari ameinuka kuwaaga. "Sheria haijaziita dawa pombe."

Arkady aliikunja karatasi akairudisha mfukoni kwa utulivu mkubwa. Kwenye basi alikuwa mchangamfu, akaimba kidogo puani. Rimma, ambaye angepaswa kujua, alitazama theluji dirishani akafurahi kwamba mumewe anaimba.

*

Moyo wa Arkady ulianza kumsumbua wiki hiyo hiyo.

Ilikuwa Alhamisi, winchi iliharibika, mafundi wakawarudisha watu nyumbani saa sita mchana. Rimma alisikia harufu akiwa bado ngazini: tamu, kali, kama matunda yaliyooza ndani ya pipa la rangi. Arkady alikuwa amekaa sakafuni jikoni, mgongo kwenye jiko, miguu imenyooshwa. Kando yake vilisimama vichupa vidogo vya kahawia, vitano, vitupu. Cha sita kilikuwa mkononi.

"Naumwa," alisema, na neno lilimchukua muda kutoka.

Rimma alikichukua kichupa akasoma. Matone ya moyo, ya tunda la mwiba wa porini. Spiriti, asilimia sabini. Matone ishirini, mara tatu kwa siku.

"Asilimia sabini," alisema. "Vodka ni arobaini."

"Vodka ni pombe. Hii ni dawa. Imeandikwa."

"Umekunywa vichupa vitano."

"Nina moyo mkubwa." Akacheka, akakohoa, mate yakamchuruzika kwenye kidevu alichokinyoa kwa ajili ya Krismasi.

"Arkady. Nisikilize vizuri. Umemeza spiriti ya asilimia sabini na hujafa. Unaelewa maana yake? Maana yake ile sindano ilikuwa maji. Hukuwahi kufungwa. Hakuna kitu kilichokuzuia miaka mitatu, na hakuna kitu kilichokuzuia zile siku kumi. Ulijizuia mwenyewe! Uliweza!"

Alikuwa ameinama, amemshika kola, na sauti yake ilikuwa ya kuomba. Arkady alimtazama kwa macho yasiyokaa mahali pamoja. Kwa sekunde moja ilionekana kama neno limemwingia. Kisha akatabasamu, kwa huruma, kama mtu msomi kwa mtu asiyejua kusoma.

"Sikufa," alisema, "kwa sababu ni dawa."

Bibi Glafira aliingia wakati huo kutoka nje, theluji mabegani, na mfuko wa duka la dawa mkononi ukigonganagongana kwa vioo. Rimma aliutazama mfuko, akamtazama mama mkwe wake.

"Wewe ndiye unayemletea."

"Mtoto wangu anaumwa, nisimletee dawa?" Bibi Glafira aliweka mfuko mezani, akavua glavu. "Hawaniulizi cheti cha daktari. Ingekuwa kitu kibaya wangeniuliza cheti."

Rimma akampita. Halafu akaenda chumbani. Hakuchukua vingi: hati zake, gauni la heshima, mabuti ya sufu, picha ya Lyuda. Alipotoka na begi, Bibi Glafira alikuwa ameziba mlango kwa mwili wote.

"Unaenda wapi wewe? Tulikubaliana! Akinywa pombe, ndiyo. Amekunywa pombe? Onyesha! Kuna chupa ya vodka humu? Kuna bia? Hata bia ameacha, kwa ajili yako!"

"Hakunywa, mama," Rimma alisema. "Umeshinda. Hanywi, hajanywa, na hatakunywa mpaka siku mtakayomzika, na kwenye cheti cha kifo wataandika moyo."

"Basi kwa nini unaondoka?"

"Kwa sababu nataka. Sikumwomba ruhusa Yefim, wala daktari, wala serikali. Nilipaswa kuondoka bila kuwaomba tangu zamani."

"Watu watakutemea mate!"

"Wakiweza kulenga."

Bibi Glafira aliegemea mlango. Nyuma yao sakafuni Arkady alikuwa akiimba tena puani, akijaribu kufungua kichupa kwa meno. Bibi kizee akasogea nusu hatua, na hasira yake ikageuka kitu kingine, hofu ya vitendo, ya mtu anayepiga hesabu ya siku zijazo.

"Rimma, mwanangu. Nje barafu. Mimi na miguu hii. Sasa nani atamwendea duka la dawa?"

Rimma alimwangalia mpaka akajiridhisha kwamba swali lile limeulizwa kwa dhati. Akavaa kofia, akashuka ngazi. Ghorofa ya chini Yefim alikuwa akitoka mlangoni kwake, glasi yake mwenyewe mkononi, anapanda.

"Shemeji! Safari? Jamaa anaendeleaje na moyo?"

"Nenda kamwangalie," alisema Rimma. "Chukua kijiko. Ni dawa hiyo, msije mkazidisha."

Treni ya Saratov ilikuwa saa tisa na nusu. Alifika stesheni mapema, akakaa karibu na mashine ya joto, akavua glavu, akala yai la kuchemsha na mkate, taratibu, mpaka likaisha.